Waongoza Wageni wa Roma na Haki ya Kulisimulia Jiji

Kazi ya kuwatembeza wageni kwa miguu katika jiji la Roma ina umri mkubwa kuliko makumbusho yote ya jiji hilo, na kwa karne nyingi ndiyo iliyoamua ni jiwe lipi litazamwe kwa heshima na ni lipi lipitwe bila hata kuulizwa jina. Mtalii wa leo anayelipia nafasi katika kikundi cha watu kumi au kumi na wawili, wanaomfuata mwongozaji mmoja kutoka uwanja hadi uwanja, huelezwa mara nyingi kwamba utaratibu huo umebuniwa karibuni ili kumwepusha na misafara mikubwa ya mabasi. Historia haikubaliani na maelezo hayo, kwa kuwa kikundi kidogo kiendacho kwa miguu ndicho kilichotangulia, na msafara mkubwa ulikuja baadaye sana, pamoja na reli. Lililobadilika toka zama hadi zama ni jambo jingine, nalo ni swali la nani anaruhusiwa kusimama mbele ya gofu na kuwaambia wageni lilikuwa la nani na lilijengwa kwa sababu gani. Haki hiyo iligombewa na makasisi, wataalamu wa mambo ya kale, wachuuzi wa sanamu na mwishowe polisi, na sura ambayo Roma inayo machoni pa wageni imetokana kwa kiasi kikubwa na ugomvi huo.

Kazi yenyewe haikuanzia Roma, na hata malalamiko juu yake ni ya kale. Katika patakatifu pa Delphi, Ugiriki, walikuwapo watu walioitwa periegetai, ambao waliwazungusha wageni kwenye sanamu na nyumba za hazina na kuwasomea maandishi yaliyochongwa juu yake. Plutarch, mwanafalsafa aliyekuwa pia kuhani wa Delphi, aliandika mazungumzo ambamo waongozaji wanaendelea na hotuba waliyoikariri bila kujali maombi ya wageni waliowasihi wafupishe habari. Msomaji aliyewahi kusimama juani akisubiri maelezo yafike tamati ataona kwamba lawama hiyo haijachakaa. Pausanias, aliyeandika vitabu kumi vya maelezo juu ya Ugiriki katika karne ya 2 BK, aliwategemea waongozaji wa kila mji aliopita na hapohapo akawakosoa, akisema kuwa wale wa Argos walijua wenyewe kwamba baadhi ya habari zao si sahihi, ila walizishikilia kwa sababu si kazi rahisi kuwageuza watu imani waliyokwisha kuizoea.

Baada ya Dola ya Roma ya magharibi kuanguka katika karne ya 5, jiji lilipungukiwa na watu hata sehemu kubwa iliyo ndani ya kuta zake ikawa mashamba na vichaka, lakini mahujaji hawakuacha kuja kuyazuru makaburi ya mitume Petro na Paulo. Ushahidi bora wa mwendo wao umehifadhiwa mbali na Roma, katika monasteri ya Einsiedeln huko Uswisi, ambako kuna muswada wa karne ya 9 wenye orodha ya njia za kulikata jiji kutoka lango moja hadi jingine. Mwandishi wake aliyapanga majengo kwa jinsi yatakavyomtokea mtembeaji, yale ya mkono wa kushoto upande mmoja wa maandishi na yale ya mkono wa kulia upande wa pili, huku matao na milango ambayo mtu hupita chini yake yakiwekwa katikati. Hakuna sifa wala kisa chochote, na makanisa ya watakatifu yametajwa bega kwa bega na mabafu na viwanja vya michezo vya wapagani. Orodha ya namna hiyo haimfai mtu aliyeketi nyumbani. Ina maana kwa aliye njiani tu, na inaelekea kuwa iliandikwa na mtu aliyetembezwa, au na aliyezoea kuwatembeza wengine.

Ukavu huo haukudumu. Miaka ya 1140 kilitokea kitabu cha Kilatini kiitwacho Mirabilia Urbis Romae, yaani Maajabu ya Jiji la Roma, ambacho wanahistoria wengi wamekihusisha na Benedict, kasisi wa Kanisa la Mtakatifu Petro, na ambacho kilinakiliwa, kutafsiriwa na baadaye kupigwa chapa kwa karne kadhaa. Humo magofu yalipata midomo. Sanamu mbili kubwa za vijana walio uchi wakiwashika farasi, zilizo juu ya kilima cha Quirinal, zilisemwa kuwa ni za wanafalsafa wawili, Phidias na Praxiteles, waliomwendea Mfalme Tiberius na kumwambia mawazo yake yote ya siri. Uchi wao ukafafanuliwa kuwa ni alama kwamba elimu ya dunia ilikuwa wazi machoni pao. Juu ya kilima cha Capitol, wageni walionyeshwa mahali ambapo Mfalme Augusto, kwa kupashwa habari na mwaguzi wa kike, alimwona Bikira amembeba mtoto mbinguni, na kanisa la Santa Maria in Aracoeli linasimama hapo mpaka leo.

Kisa kilichopendwa kuliko vyote kilihusu obeliski ya Vatikani. Obeliski ni nguzo ndefu ya jiwe moja, yenye pande nne na kilele kilichochongoka, ambayo Wamisri wa kale waliisimamisha mbele ya mahekalu yao. Watawala wa Roma walizisafirisha nyingi kwa meli, na hii ililetwa na Caligula katika karne ya 1 BK. Kileleni kwake palikuwa na tufe la shaba, na mahujaji waliambiwa kwamba ndani yake yamewekwa majivu ya Julius Caesar, yule ambaye wasomaji wa Kiswahili wamemfahamu zaidi kupitia tafsiri ya Mwalimu Nyerere ya tamthilia ya Shakespeare, ili kwamba kama alivyokuwa juu ya ulimwengu alipokuwa hai, awe juu yake hata akiwa maiti. Mwaka 1586 mhandisi Domenico Fontana aliihamisha nguzo hiyo kwa amri ya Papa Sixtus V, akitumia mamia ya watu na farasi pamoja na msitu mzima wa kapi na kamba, na tufe lilipoteremshwa na kukaguliwa halikuonekana na tundu la kutilia kitu wala majivu yoyote. Kisa kilichosimuliwa kwa zaidi ya miaka 400 kilikwisha asubuhi moja, na tufe lenyewe sasa limo katika makumbusho ya Capitol, ambako wageni wengi hulipita bila kusimama.

Kwamba waongozaji walikuwa wakishindana tangu zamani kunaonekana katika maandishi ya Mwingereza anayejulikana kama Magister Gregorius, aliyeitembelea Roma katika karne ya 12 au mwanzoni mwa karne ya 13. Gregorius aliwadharau mahujaji, ambao walikuwa wakisema kwamba piramidi iliyosimama karibu na Kanisa la Mtakatifu Petro ilikuwa lundo la nafaka ya Mtume Petro lililogeuka jiwe Nero alipolinyang'anya, na akajigamba kuwa habari zake amezipata kwa wazee wa mji, makardinali na wasomi. Maelezo yake juu ya sanamu ya shaba ya mpanda farasi, iliyokuwa wakati huo mbele ya jumba la Papa la Laterani, yana thamani kubwa kwa mwanahistoria wa kazi hii, kwani anaeleza kwamba mahujaji walimwita mpanda farasi huyo Theodoric, watu wa Roma walimwita Constantine, na makardinali pamoja na makarani wa Papa walimwita Marcus au Quintus Quirinus. Sanamu moja, basi, ilikuwa na majina kwa kadiri ya makundi yaliyoizunguka, na mgeni alirudi kwao na jina alilopewa na yule aliyemwongoza. Mpanda farasi huyo alikuwa Marcus Aurelius, mtawala wa karne ya 2, jambo ambalo lilithibitika katika karne ya 15. Lakini ni vema kukumbuka kwamba kosa la watu wa Roma ndilo lililoiponya sanamu hiyo, kwa sababu shaba za watawala wa kipagani ziliyeyushwa, na hii ikaachwa kwa kudhaniwa kuwa ya mfalme wa kwanza Mkristo.

Kanisa, lililokuwa na mahujaji wengi kuliko mamlaka yoyote ya Ulaya, lilitambua mapema kwamba kupanga mwendo wa mgeni ni kupanga pia mawazo yake. Papa Boniface VIII alipotangaza Mwaka Mtakatifu wa kwanza mwaka 1300, aliweka msamaha wa adhabu za dhambi kwa wenyeji watakaozizuru basilika za Petro na Paulo kwa siku 30 na kwa wageni watakaozizuru kwa siku 15, na kwa amri hiyo kutembea kwenyewe kukawa ibada yenye hesabu. Katika miaka ya 1550 kasisi Filippo Neri alianza kuwachukua marafiki wachache kuyazunguka makanisa makuu saba, mwendo wa zaidi ya kilomita 20, wakiimba na kusali njiani. Nusu ya safari walipumzika katika bustani ya ukoo wa Mattei, ambako kila mmoja alipewa mkate, yai, jibini na mvinyo, na viti vya mawe vinavyoikumbuka desturi hiyo vingalipo bustanini. Kikundi kiliongezeka mpaka kikafikia maelfu ya watu. Na hapa pana somo ambalo waandaaji wa matembezi wa leo wanalijua vizuri, kwamba mafanikio ndiyo yanayokiua kikundi kidogo. Sixtus V, aliyetawala kuanzia 1585 hadi 1590, aliikamilisha kazi hiyo kwa mawe badala ya maneno: alifungua barabara zilizonyooka kati ya basilika na kusimamisha obeliski mwishoni mwa baadhi yake, hata hujaji asiye na mwongozaji aweze kuona kutoka mbali mahali anapotakiwa kuelekea.

Karne ya 18 ilimleta mgeni wa aina nyingine, kijana tajiri wa kaskazini mwa Ulaya, hasa Mwingereza, aliyepelekwa Italia kwa mwaka au zaidi ili amalize elimu yake. Kwa ajili yake kazi iligawanyika katika madaraja mawili. Chini alikuwapo mtumishi wa kukodi kwa siku, aliyejua ni mlinzi gani ana ufunguo wa jumba gani na bakhshishi yake ni kiasi gani. Juu alikuwapo msomi wa mambo ya kale, ambaye Waitalia walimwita antiquario au cicerone, na ambaye alitoa mafunzo kamili. Daktari Mskoti John Moore, katika kitabu chake cha mwaka 1781, alieleza kwamba mafunzo ya kawaida chini ya msomi huyo yalichukua wiki sita, saa tatu kwa siku, na papo hapo akamtaja kijana mmoja wa Kiingereza ambaye, kwa kuchoshwa na utaratibu huo, aliagiza gari la farasi wanne na kuyapitia makanisa, majumba na magofu yote kwa siku mbili. Moore anasimulia jambo hilo kwa kejeli iliyofichika, maana orodha ya vitu alivyoviona kijana yule ililingana kabisa na ya wenzake waliokaa wiki sita.

Mashuhuri kuliko wote katika daraja la juu alikuwa James Byres, Mskoti aliyeishi Roma kwa miongo mitatu hivi. Mwaka 1764 alimwongoza Edward Gibbon, mwanahistoria ambaye baadaye angeandika kitabu kikubwa juu ya kuanguka kwa Dola ya Roma, na Gibbon alikumbuka kwamba baada ya wiki 18 za kazi ya kila siku hata akili yake ilianza kuchoka. Mwaka uliofuata James Boswell alimwajiri Mskoti mwingine, Colin Morison, na wakiwa kati ya magofu walianza kuzungumza kwa Kilatini, jambo linaloonyesha ni kwa kiasi gani matembezi hayo yalikuwa shule na pia maigizo. Lakini msomi huyu hakuishi kwa ada ya mafunzo peke yake. Byres alikuwa dalali, na vijana aliowafundisha asubuhi kuithamini sanamu ndio waliokuwa wateja wake jioni. Kwa mkono wake chombo cha kioo cha Kirumi kinachojulikana kama Portland Vase kilimfikia Sir William Hamilton, na katika miaka ya 1780 alizitoa Roma picha saba za mchoraji Poussin kwa kuwauzia Waingereza zilizo halisi na kutundika nakala mahali pake, ili wakaguzi wa Papa wasishtuke. Ni vigumu kusema kwamba mafunzo yalikuwa kisingizio cha biashara, kwani Byres alikuwa mjuzi wa kweli. Ila mtu anayelipwa kwa kuuza hawezi kuwa shahidi huru wa thamani ya kinachouzwa, na watawala wa Roma walilijua hilo. Mjerumani Johann Joachim Winckelmann, aliyefanywa msimamizi wa mambo ya kale mwaka 1763, alikuwa na wajibu wa kuzuia usafirishaji wa hazina hizo, na wakati huohuo alitakiwa kuwatembeza wageni wakubwa, kazi aliyoilalamikia kwa marafiki kwa kuwa wengi wao walitazama bila kuona.

Pigo kwa daraja lile la juu lilitoka kwenye kiwanda cha vitabu. John Murray wa London alianza mfululizo wa vitabu vyake vya safari mwaka 1836, na Karl Baedeker wa Koblenz, aliyekuwa akichapa vyake katika miaka hiyohiyo, aliweka nyota kando ya vitu visivyofaa kukosa na kutamka kwamba nia yake ni kumwachia msafiri uhuru wake, asiwe mateka wa waongozaji wa kukodi. Kwa upande wa pili alikuja Thomas Cook, ambaye baada ya safari yake ya kwanza ya treni nchini Uingereza mwaka 1841 aliwafikisha Waingereza wa tabaka la kati Italia mwaka 1864, wakiwa makumi kwa mara moja. Charles Lever, mwandishi aliyekuwa naibu balozi mdogo wa Uingereza mjini La Spezia, alichukizwa mno na makundi hayo, hata akawaambia Waitalia kwamba watu wale ni wafungwa ambao makoloni ya Australia yamekataa kuwapokea. Mark Twain, aliyepita Roma mwaka 1867, aliandika jinsi yeye na wenzake walivyowaita waongozaji wote kwa jina moja na kujifanya hawashangazwi na chochote. Kejeli hizo zina ukatili ndani yake: mtu aliyekuwa mwalimu wa Gibbon alikuwa amegeuka, kwa muda wa miaka mia moja, kuwa kichekesho cha wasafiri wanaoharakishwa.

Jeshi la Italia lilipoingia Roma tarehe 20 Septemba 1870 na kukomesha utawala wa mapapa, serikali mpya ilirithi magofu pamoja na wasemaji wake. Udhibiti ulikuja kwa ukali zaidi wakati wa Mussolini. Sheria ya usalama wa umma ya tarehe 18 Juni 1931, katika kifungu cha 123, iliwataka waongozaji, wakalimani na wasindikizaji wa wasafiri wapate leseni kwa mkuu wa polisi baada ya kuthibitishwa uwezo wao, na mtu aliyesimulia habari za Colosseum barabarani akawa chini ya jicho lilelile lililowatazama wenye nyumba za wageni. Mwaka uliofuata, tarehe 28 Oktoba, ilifunguliwa barabara pana iliyokata kilima cha Velia na mtaa mzima wa nyumba za watu ili Colosseum ionekane moja kwa moja kutoka Piazza Venezia, na mpaka sasa vikundi vingi vya matembezi huifuata njia hiyo, vikiutazama mwonekano uliopangwa kwa ajili ya magwaride.

Zama hizo ziliacha njiani vitu vinavyomhusu Mwafrika. Mnara wa Aksum, wenye urefu wa mita 24 hivi, uliletwa kutoka Ethiopia mwaka 1937 na kusimamishwa karibu na Circus Maximus, mbele ya wizara iliyoshughulikia makoloni, katika jengo ambalo baada ya vita lilipewa Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa. Mkataba wa amani wa 1947 uliiamuru Italia kurudisha mali za Ethiopia ndani ya miezi 18. Mnara ulirudi mwaka 2005 na kusimamishwa tena Aksum mwaka 2008. Karibu na kituo cha treni cha Termini, ambako wageni wengi hushukia, ipo obeliski nyingine ya Kimisri, iliyofanywa kumbukumbu ya askari wa Italia waliouawa na jeshi la Ras Alula huko Dogali, Eritrea, mwaka 1887, na uwanja ulio mbele ya kituo unaitwa Piazza dei Cinquecento, yaani Uwanja wa Mia Tano, kwa heshima yao. Mwandishi Igiaba Scego, mzaliwa wa Roma mwenye asili ya Somalia, alitoa mwaka 2014, pamoja na mpiga picha Rino Bianchi, kitabu kiitwacho Roma negata, kinachoyapitia maeneo hayo moja baada ya jingine, na ni sawa kukihesabu katika ukoo wa vitabu vya mwongozo ulioanza na Mirabilia, kwa maana nacho kinampa msomaji jina la jiwe ambalo waongozaji wengine wamelinyamazia.

Leseni ya mwaka 1931 ilidumu kuliko utawala ulioitunga. Mwaka 1991 Mahakama ya Haki ya Jumuiya za Ulaya iliamua kwamba Italia ilivunja uhuru wa kutoa huduma kwa kuwadai leseni waongozaji wanaofuatana na vikundi kutoka nchi nyingine mwanachama, isipokuwa katika makumbusho na majengo ya kihistoria yanayohitaji mtaalamu maalumu. Yaani mlango ulibaki na mlinzi, ila barabara ikafunguliwa. Sheria namba 190 ya tarehe 13 Desemba 2023 imeifanya kazi hii kuwa taaluma ya taifa zima, yenye mtihani mmoja wa kuandika, wa mdomo na wa vitendo, na ujuzi wa lugha ya kigeni ukiwa sharti. Miji nayo inatunga kanuni zake, kama Venice, ambayo tangu katikati ya mwaka 2024 imeweka kikomo cha watu 25 kwa kikundi na kupiga marufuku vipaza sauti. Waongozaji wenyeji wamelalamika mara nyingi kwamba anayeijua Palermo hawezi kwa cheti kilekile kuisemea Roma, na sheria imewajibu kwa kuruhusu mafunzo ya kujiongezea utaalamu wa eneo au wa mada, na kwa kuagiza majina ya waliofaulu yaingizwe katika orodha ya taifa chini ya Wizara ya Utalii, iliyo wazi kwa mgeni yeyote anayetaka kujua, kabla hajaanza kutembea, ni nani anayemwongoza.